Wapelelezi wasio na sare katika vita vya msituni: walikuwa macho ya jeshi au matarishi tu?

Mdadisi (mwanzisha mada)

Ndugu wanajukwaa, salaam.

Nimekuwa nikisoma habari za vita vya msituni vilivyopiganwa katika ukanda wetu, kuanzia kampeni ya Wajerumani ya 1914 hadi 1918, kupitia vita vya Mau Mau nchini Kenya, hadi vita vya ukombozi vya Zimbabwe, na kila mahali ninakutana na kundi moja la watu ambalo waandishi hulitaja kwa sentensi mbili tatu kisha wakaliacha. Ni watu waliotembea mbele au pembeni ya wapiganaji, wasio na sare wala namba ya jeshi, wenye gobole, panga, rungu au mikono mitupu, ambao kazi yao ilikuwa kutazama na kurudisha habari. Ruga-ruga, wapiganaji wasaidizi wa upande wa Wajerumani, naona wanaingia katika kundi hilo kwa kiasi fulani, na mujibha wa Zimbabwe, vijana wa vijijini waliowasaidia wapiganaji wa ukombozi, wamo kabisa.

Ninachotaka kufahamu ni hiki. Je, silaha zao zilikuwa hafifu kwa sababu ya uhaba, au makamanda walikusudia iwe hivyo? Na je, kuna mahali ambapo tunaweza kusema, bila kutia chumvi, kwamba vita vilikwenda vile vilivyokwenda kwa sababu yao? Naomba majibu yenye mifano, kwa kuwa maelezo ya jumla nimeshayapata ya kutosha.

Nyayo za Kale

Ndugu Mdadisi, uhaba wa silaha ulikuwapo kila mahali, lakini peke yake hautoshi kueleza jambo hili. Katika miaka ya mwisho ya vita vya Zimbabwe, wapiganaji wa ZANLA, jeshi la chama cha ukombozi cha ZANU, waliovuka kutoka Msumbiji walikuwa na bunduki nzuri za kisasa, na bado mujibha walio wengi waliendelea kutembea na fimbo ya kuchungia ng'ombe. Kamanda aliyewanyima bunduki alikuwa na hesabu zake.

Kikosi cha msituni huishi kwa kuchagua: kinachagua mahali pa kupigana, saa ya kupigana na, mara nyingi zaidi, kutopigana kabisa. Mtu aliyetangulia akiwa na bunduki, akakutana ghafla na doria ya adui kwenye kona ya njia, huenda akafyatua kwa hofu hata kama ameagizwa asifyatue, na risasi hiyo moja inampokonya kamanda wake uchaguzi wote, kwa sababu sasa adui anajua kwamba kuna watu, anajua upande waliko, na ana redio ya kuita wengine. Asiye na bunduki, katika kona ileile, atasalimia, atajibu swali moja au mawili kuhusu mbuzi aliyepotea, na ataendelea na safari. Akisharudi kwa njia ya kuzunguka, ataeleza doria ina watu wangapi, wamebeba nini, buti zao zina tope la mto upi, na kama wanaonekana ni watu wa kupita au wanatafuta mahali pa kulala. Habari ya namna hiyo haipatikani kwa mtutu.

Mfano wa kinyume unaonyesha jambo hilohilo. Mwaka 1915, Wajerumani wakiwa bado wanaishikilia Taveta, vikosi vyao vidogo vilitoka upande wa Kilimanjaro vikavuka nyika kavu kwenda kutega baruti kwenye reli ya Uganda. Mara nyingi vilikuwa vikosi vya watu wanane au kumi hivi, Wazungu na askari Waafrika, pamoja na wapagazi wao. Hao walibeba bunduki, kwa sababu katika nyika ile hapakuwa na kijiji cha kujificha ndani yake wala mtu wa kumwuliza njia, na aliyekutana na doria ya Waingereza hakuwa na hadithi ya mbuzi aliyepotea ya kumwambia. Adui wao mkubwa hata hivyo alikuwa kiu: kila ratili ya risasi na baruti waliyoibeba ilikuwa ratili ya maji iliyoachwa nyuma, na wako waliofia njiani bila kuona adui. Kwa hiyo mimi naona silaha ya mpelelezi inapimwa kwa idadi ya watu wanaoishi katika eneo analolipita. Palipo na watu wanaomkubali, bunduki ni mzigo unaomfichua.

Mwalimu Mstaafu

Naongezea pale alipoishia Nyayo za Kale, kwa upande wa Zimbabwe peke yake, kwa sababu naamini ndiko swali la pili la Mdadisi linakojibika vizuri zaidi.

Vita vile vilishika kasi baada ya wapiganaji kulishambulia shamba la mlowezi la Altena, wilaya ya Centenary, mwezi Desemba 1972. Jeshi la Rhodesia, kama Zimbabwe ilivyoitwa chini ya serikali ya walowezi, lilikuwa na askari wachache kwa ukubwa wa nchi, lakini lilikuwa na helikopta, na mbinu yake kuu ilitegemea kuona. Askari kadhaa walipandishwa kilimani usiku, wakajibanza katikati ya mawe, wakakaa siku kadhaa na darubini wakikitazama kijiji kilicho chini yao: ni nani anayepika chungu kikubwa kuliko mahitaji ya kaya yake, na ni kijia gani cha kuelekea msituni kinachopitwa na wanawake wenye vyombo vichwani ilhali hakiendi kisimani. Wakishaliona kundi la wapiganaji, waliita kwa redio kikosi cha dharura cha helikopta na askari wa miavuli, na baada ya hapo uwezekano wa kundi hilo kuokoka ulikuwa mdogo.

Dawa ya mbinu hiyo ilikuwa mtoto wa kuchunga. Kijana aliyeswaga ng'ombe wake kupanda kilima asubuhi hakuhitaji kumwona askari uso kwa uso. Alitazama ng'ombe wanasita wapi, ndege wameruka kutoka kichaka kipi, nyasi zimelalia upande gani, na kama upepo unaleta harufu ya sabuni au sigara mahali ambapo hapaishi mtu, kisha akawaswaga wanyama wake kuteremka upande wa pili kana kwamba hakugundua lolote. Askari aliyejificha alibaki na njia tatu, zote mbaya. Akimwacha aende, habari itafika kijijini kabla ya jua kutua na kazi yake yote imeharibika. Akimkamata, kutorudi kwa ng'ombe zizini jioni kutatoa habari ileile. Akimwua, amewapa wapiganaji familia nzima ya kuwahifadhi. Ni vigumu kutaja silaha nyingine ya vita vile iliyomgharimu adui kiasi hicho kwa gharama ya fimbo moja.

Ushahidi kwamba serikali ya Rhodesia iliuelewa uzito wao uko katika hatua ilizochukua. Mwaka 1974, katika maeneo kama Chiweshe, wakazi walihamishwa wakawekwa katika vijiji vyenye uzio, lango lenye ulinzi na amri ya kutotoka nje usiku. Kusudi lililotangazwa lilikuwa kuwalinda na kuwakatia wapiganaji chakula, lakini pia kwa hatua hiyo macho yote yaliondolewa porini, na mtu yeyote aliyeonekana huko baada ya saa zilizowekwa aliweza kupigwa risasi bila kuulizwa. Kikosi cha Selous Scouts, kilichoundwa mwaka 1973 chini ya Ron Reid-Daly, kilikwenda mbali zaidi, kwani watu wake walijifanya wapiganaji wa ukombozi, wakiongozwa na wapiganaji wa kweli waliokamatwa na kugeuzwa, wakaingia vijijini kuomba chakula na kuulizia wenzao wako wapi. Ili wasiuawe na askari wa upande wao wenyewe, eneo walimoingia lilifungwa, na hakuna kikosi kingine cha serikali kilichoruhusiwa kulikanyaga hadi watoke. Mtu waliyemtafuta kwanza kila walipofika alikuwa mujibha, kwa sababu yeye ndiye aliyejua kundi la kweli limelala wapi. Akishadanganyika yeye, kundi limekwisha.

Lakini tusiwapambe vijana hawa kupita kiasi. Kijana aliyekuwa akitumwa kuchota maji juzi, leo neno lake liliweza kumfanya mzee mwenye wajukuu aitwe mutengesi, yaani msaliti, mbele ya mkutano wa usiku ulioitwa pungwe, na adhabu ya msaliti ilikuwa kipigo au kifo. Wapo waliotumia nafasi hiyo kulipiza visasi vya kifamilia, na wapo waliodai kuku, pombe na fedha kwa jina la wapiganaji ambao hawakuwatuma. Wapiganaji nao, ambao mara nyingi walikuwa wageni katika eneo hilo, hawakuwa na njia nyepesi ya kuhakiki, maana aliyewaletea shutuma ndiye huyohuyo aliyekuwa macho yao. Hili sioni likizungumzwa vya kutosha katika maadhimisho.

Mtafiti wa Nyandarua

Kwa heshima zote, Mwalimu na Nyayo za Kale, nina shaka na namna mnavyoligeuza suala la silaha hafifu kuwa hekima ya makamanda. Kenya haikuwa hivyo. Wapiganaji wa Mau Mau wa misitu ya Nyandarua na Mlima Kenya hawakuwa na pa kuvukia mpaka kwenda kuchukua silaha kwa jirani rafiki. Bunduki zao nyingi zilitengenezwa kwa kipande cha bomba la maji, komeo la mlango na kamba ya mpira, na baadhi zilimlipukia aliyezishika. Katika hali hiyo si mpelelezi pekee aliyekuwa na silaha hafifu; karibu jeshi lote lilikuwa hivyo, na anayesema kwamba mtu fulani alinyimwa bunduki kwa makusudi ya kivita anasahau kwamba bunduki yenyewe haikuwapo.

Hata hivyo kwenye swali la pili nakubaliana nanyi, ingawa ushahidi wangu unatoka upande wa kushindwa. Baada ya hali ya hatari kutangazwa Oktoba 1952, wapiganaji walioingia msituni waliishi kwa habari kama walivyoishi kwa chakula, na vyote viwili vililetwa na watu walewale: wanawake waliokwenda kuokota kuni, watoto wa kuchunga, wafanyakazi wa mashamba ya walowezi, na watu wa mjini waliojua ni magari gani ya jeshi yameondoka na yameelekea wapi. Aprili 1954 ikaja Operesheni Anvil, Nairobi ikazingirwa na makumi ya maelfu ya watu wakakamatwa, na habari za mjini zikakatika. Kuanzia katikati ya mwaka huohuo zaidi ya watu milioni moja walihamishiwa katika vijiji vya lazima, na ukingoni mwa msitu wa Mlima Kenya ukachimbwa, kwa kazi ya kulazimishwa, mtaro wa makumi ya maili uliojazwa vigingi vya mianzi iliyochongwa. Watu huueleza mtaro ule kuwa kizuizi cha chakula. Mimi naona ulikuwa zaidi kizuizi cha habari, kwa kuwa mpiganaji mwenye njaa anaweza kula asali na kutega wanyama kwa muda mrefu, lakini asiyejua doria iko wapi hathubutu hata kuwasha moto.

Ndani ya msitu wenyewe walinzi waliendelea kufanya kazi nzuri ya ajabu kwa kusoma sauti za ndege na nyani, na askari wa Uingereza waliokuja na buti nzito hawakufua dafu. Waliofanikiwa baadaye walikuwa makundi bandia yaliyoundwa na maofisa wa upande wa Waingereza kama Frank Kitson na Ian Henderson, yakiwa na wapiganaji waliojisalimisha au kukamatwa, ambao walijua alama za njiani, namna ya kuitana na mahali pa kuacha ujumbe. Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau, alipopigwa risasi ya mguu na kukamatwa ukingoni mwa msitu tarehe 21 Oktoba 1956, aliyempiga alikuwa askari wa polisi wa kikabila wa serikali, mwenyeji wa eneo hilo, wakati majeshi na ndege za mabomu zilikuwa zimeshajaribu kwa miaka mingi. Kufikia wakati huo Kimathi alikuwa amebaki na watu wachache sana, bila mtu wa nje wa kumwambia ni njia gani iliyo salama usiku huo.

Mdadisi

Nawashukuru sana. Naona kwamba nililiuliza swali la silaha kana kwamba lina jibu moja kwa vita vyote, na tofauti ya Kenya na Zimbabwe imeniridhisha. Nimebakiwa na mambo mawili. Ruga-ruga bado hawajaguswa. Vilevile ningependa kujua sheria ya vita inamhesabu vipi mtu wa aina hii, hasa akiwa mtoto, kwa maana katika maelezo ya Mwalimu naona walio wengi walikuwa wadogo.

Nyayo za Kale

Ruga-ruga mimi nisingewaweka katika fungu hili bila masharti. Asili yao ni karne ya 19, katika majeshi ya watawala kama Mirambo wa Urambo na Nyungu ya Mawe, ambako walikuwa wapiganaji wenyewe hasa, vijana waliokwishatoka katika koo zao na kuishi kwa vita na nyara. Wajerumani waliwarithi kama wasaidizi, wakawatumia wakati wa Maji Maji na tena katika vita vya 1914 hadi 1918, na ni kweli kwamba kazi yao mojawapo ilikuwa kutangulia mbele ya askari, kupekua njia na kuleta habari. Tofauti kubwa ni kwamba ruga-ruga hakuwa mtoto wa kijiji alichokipeleleza. Aliingia kama mgeni mwenye silaha anayetafuta pia nafaka, na mwanakijiji aliyemwona kwa mbali hakukaa kumpa habari bali alikimbilia porini na mbuzi wake. Kwa hiyo habari zake zilihusu zaidi vitu vinavyoonekana kwa macho, yaani njia, mito, moshi na nyayo, na mara chache zilihusu yale ambayo watu husimuliana. Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, aliweza kukwepa majeshi makubwa hadi alipojisalimisha Abercorn (leo Mbala, Zambia) tarehe 25 Novemba 1918, lakini alifanya hivyo kwa kuhama bila kukoma, akiacha nyuma yake nchi isiyo na akiba ya chakula. Wagogo waliokumbwa na njaa ya Mtunya mwishoni mwa vita na baada yake, baada ya majeshi ya pande zote mbili kuwanyang'anya nafaka, ng'ombe na wapagazi, wasingeweza kumwita mpelelezi wa upande wowote kijana wao.

Wakili Mtulivu

Kuhusu sheria, nitajibu kwa ufupi. Mkataba wa Tatu wa Geneva wa 1949, kifungu cha 4, unampa mpiganaji asiye wa jeshi rasmi hadhi ya mfungwa wa vita iwapo kundi lake lina kamanda anayewajibika, lina alama maalumu inayoonekana kwa mbali, linabeba silaha waziwazi, na linafuata sheria na desturi za vita. Ndugu yetu mwenye fimbo ya kuchungia anakosa angalau masharti mawili, na ndiyo maana majeshi ya serikali mara nyingi yaliwatendea watu kama yeye kama wahalifu au majasusi. Itifaki ya Kwanza ya Nyongeza kwenye mikataba hiyo ya Geneva, ya 1977, kifungu cha 44, ililegeza sharti la alama kwa kuzingatia vita vya ukombozi, lakini bado inamtaka mpiganaji aonyeshe silaha yake wakati wa mapambano na anapoonekana na adui akijipanga kushambulia. Sharti hilo lilitungwa kwa ajili ya mwenye bunduki. Asiyekuwa na silaha yoyote kimsingi ni raia, na raia anayepeleka habari za kivita moja kwa moja kwa ajili ya shambulio anaweza kupoteza kinga yake kwa muda ule anaoshiriki. Mpaka huo wanasheria bado wanaubishania.

Kuhusu watoto hakuna ubishi mkubwa. Mkataba wa Roma, ulioanzisha Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, unaifanya kuwa jinai ya kivita kumsajili mtoto wa chini ya miaka 15 au kumtumia kushiriki kikamilifu katika uhasama, na waliouandaa walieleza kwamba ushiriki huo unajumuisha upelelezi na kupeleka ujumbe, hata kama mtoto hajawahi kushika bunduki. Thomas Lubanga, kiongozi wa wanamgambo wa Kongo, alitiwa hatiani na mahakama hiyo mwaka 2012 kwa makosa ya kuwasajili na kuwatumia watoto wa umri huo. Makamanda wa miaka ya 1970 hawahukumiwi kwa mkataba uliokuja baadaye, ila anayeanzisha vita leo hawezi kujitetea kwamba alimpa mtoto fimbo tu.

Mtafiti wa Nyandarua

Ahsante, Wakili. Ningependa Mwalimu atueleze pia ilikuwaje baada ya vita, kwa maana huku kwetu waliopeleka chakula na habari walibaki bila cheti chochote.

Mwalimu Mstaafu

Huko nako hali haikuwa tofauti sana. Baada ya makubaliano ya Lancaster House ya Desemba 1979, yaliyomaliza vita, wapiganaji walitakiwa kukusanyika katika kambi maalumu na kuhesabiwa, na inasemekana mujibha wengi walipelekwa humo ili wapiganaji wazoefu wabaki nje kwa tahadhari. Hata hivyo, kuhesabiwa kambini hakukuwafanya watambuliwe. Ulipofika mwaka 1997 na serikali ikaamua kuwalipa wapiganaji wa zamani dola 50,000 za Zimbabwe kila mmoja, mujibha na wenzao wa kike, chimbwido, hawakuwamo katika hesabu hiyo. Ugumu wenyewe ulikuwa wa kiutendaji pamoja na wa kisiasa. Mpiganaji aliweza kutaja kambi aliyofunzwa, jina lake la kivita na kamanda wake. Mujibha alikuwa na jina lake la nyumbani, hakufunzwa kambini, hakuwa na bunduki ya kukabidhi, na kundi aliloliongoza usiku mmoja huenda halikumjua kwa zaidi ya usiku huo. Mashahidi wake pekee walikuwa wanakijiji wenzake, na baadhi yao, kwa sababu nilizozitaja juu, hawakuwa tayari kumtolea ushahidi.

Sheria ya mwaka 2020 ya wakongwe wa mapambano ya ukombozi imewaingiza kwa jina la washirika wa vita, na uhakiki umefanywa kwa kuwaita watu wa eneo moja wathibitishane. Wengi wa waliohusika sasa ni watu wa miaka sitini na kitu.